Thorne Forrester: mtoto wa damu aliyebaki bila hadithi

Mwaka 2001, katika tamthilia ya Kimarekani The Bold and the Beautiful, ilifichuka siri iliyokuwa imezikwa tangu ujana wa Stephanie Forrester. Ridge, kifungua mimba wake, hakuwa damu ya mumewe Eric. Baba mzazi wa Ridge alikuwa Massimo Marone, tajiri wa meli aliyewahi kuwa mpenzi wa Stephanie kabla hajatulia na Eric.

Kwa familia yoyote yenye mali, habari kama hii haiishii kwenye machozi ya mama. Lazima yaulizwe maswali ya urithi, na ya nani atakalia kiti baba akishaondoka. Akina Forrester wana jumba la mitindo mjini Los Angeles lenye jina la ukoo. Kristen na Felicia ni mabinti. Rick ni mtoto wa Eric kwa Brooke Logan. Ukitafuta mtoto wa kiume wa Eric na Stephanie kwa damu, unabaki na mmoja tu, naye ni Thorne.

Mwandishi yeyote wa tamthilia angeomba apewe nafasi ya namna hiyo. Mtoto wa pili aliyeishi miaka yote nyuma ya kaka yake anaamka asubuhi moja na kukuta kwamba yeye ndiye aliyepaswa kuwa mbele. Hapo kuna hadithi ya miaka mitano. Lakini kwa Thorne hakikutokea kitu cha maana. Ridge aliongezewa baba wa pili, Eric akaendelea kumwita mwanangu, na Thorne akarudi pembeni ya meza ya mikutano alikokuwa amezoeleka kukaa.

Kufifia kwa Thorne huelezwa mara nyingi kwa maneno mepesi: alipoa, hakuwa na mvuto, waigizaji walibadilishwa mno. Siridhiki na maelezo hayo. Nikifuata maisha yake tangu 1987, naona mhusika aliyenyang'anywa jamaa mmoja baada ya mwingine, na kila aliyeondoka aliondoka na sehemu ya sababu ya Thorne kuonekana kwenye skrini.

Tamthilia yenyewe ilianza tarehe 23 Machi 1987 kwenye kituo cha CBS. Waliianzisha William J. Bell na mkewe Lee Phillip Bell, ambao tayari walikuwa na The Young and the Restless tangu 1973. Inarushwa siku tano kwa wiki, nusu saa kila siku, na imeuzwa katika nchi zaidi ya 100. Waliokuwa wakiifuatilia Kenya miaka ya 1990 wanamkumbuka Ridge na taya lake, Brooke na machozi yake, Stephanie na ulimi wake. Ukimtaja Thorne, wengi husita kwanza, halafu husema: yule mdogo wake.

Hapo mwanzo hakuwa mdogo wa mtu kwa maana hiyo. Clayton Norcross, aliyemwigiza kuanzia 1987 hadi 1989, alipewa moja ya hadithi nzito kuliko zote za miaka ya mwanzo. Harusi ya Ridge na Caroline Spencer ilivunjika, na Thorne, aliyekuwa akimpenda shemeji mtarajiwa wake kimya kimya, akamuoa yeye. Ridge hakumwachia. Siku Thorne alipowafumania wakibusiana, alichanganya pombe na dawa za kichwa, akachukua bastola na kumpiga kaka yake risasi ya kichwa. Asubuhi hakukumbuka lolote. Stephanie ndiye aliyejua, na akaamua kuificha siri ili asiwapoteze wanawe wawili kwa mkupuo.

Hebu tulipime tukio hilo. Ni Kaini na Habili ndani ya jumba la kifahari, mama akiwa katikati. Mhusika mwenye jambo kama hilo moyoni anaweza kuishi nalo kwa miongo, kwa sababu kila anapomtazama kaka yake, mtazamaji anakumbuka. Lakini mambo yalifungwa haraka. Ridge alipona, Caroline akamwacha Thorne na hatimaye akaolewa na Ridge, kisha akafa kwa saratani ya damu mwaka 1990 mikononi mwa Ridge. Msiba ukawa wa Ridge. Thorne, aliyekuwa mume wa kwanza, alibaki mmoja wa waombolezaji. Nalitaja hili mapema kwa sababu litajirudia: mwanamke anayetoka upande wa Ridge hurudi upande wa Ridge, na hadithi yote humfuata.

Kilichomwokoa Thorne ni kutoka nje ya nyumba yao. Mwaka 1989 nafasi yake ilichukuliwa na Jeff Trachta, na mwaka huohuo akaingia Macy Alexander, aliyeigizwa na Bobbie Eakes. Macy alikuwa binti wa Sally Spectra, mwanamke wa nywele nyekundu na kicheko kikubwa aliyeishi kwa kunakili mitindo ya akina Forrester na kuiuza kwa bei nafuu. Darlene Conley alimwigiza Sally kwa namna ambayo hata waliokuwa upande wa Stephanie walimpenda. Thorne na Macy walioana mwaka 1990, na ghafla mtoto wa pili wa Forrester akawa na mkwe ambaye ni adui wa kampuni ya baba yake.

Naona hiki ndicho kipindi pekee ambacho Thorne alikuwa mtu kamili. Alikuwa na mke mwenye udhaifu wake mwenyewe, kwa sababu Macy alipambana na ulevi, na mapambano hayo hayakuwa na uhusiano wowote na Ridge. Alikuwa na mama mkwe aliyempenda na kumtumia kwa wakati mmoja. Alikuwa na mlango wa pili wa kuingilia: akigombana na baba, kule Spectra, kampuni ya Sally, kulikuwa na kazi, chakula na watu wa kucheka nao, akiwemo Darla, msaidizi wa Sally, ambaye tutarudi kwake. Mwandishi akikosa la kumfanyia Thorne nyumbani kwao, alimpeleka ukweni. Tamthilia ya kila siku hula mambo mengi sana, na mhusika mwenye koo mbili hana njaa.

Halafu kulikuwa na sauti. Trachta na Eakes wote wawili walikuwa waimbaji, na watayarishaji hawakuifumbia macho bahati hiyo. Thorne na Macy waliimba pamoja ndani ya tamthilia, na watazamaji wa Ulaya wakaipokea kwa namna ambayo nadhani hata CBS haikuitarajia. Albamu yao ya nyimbo za wawili ilipanda hadi kileleni mwa chati za Uholanzi mwaka 1994, na wakafanya maonyesho ya jukwaani mbele ya watu waliowajua kwa majina ya Thorne na Macy. Fikiria: mtoto wa pili, anayesemwa kuwa hakuwa na mvuto, alikuwa akijaza kumbi ng'ambo. Kwa hiyo tusiseme kwamba watu hawakumtaka.

Trachta aliondoka mwishoni mwa 1996 na Winsor Harmon akachukua nafasi. Wengi huitaja siku hiyo kama mwanzo wa mwisho. Ni kweli kwamba kubadilisha sura kunagharimu. Mtazamaji hulazimika kujifunza upya kumwamini mtu. Pia Harmon hakuwa na ule upande wa uimbaji, kwa hiyo kitu kimoja ambacho Thorne alikuwa nacho na Ridge hakuwa nacho kikaondoka. Lakini Harmon alidumu karibu miaka ishirini, muda mrefu kuliko wenzake wote kwa pamoja. Steffy, binti wa Ridge aliyepewa jina la bibi yake Stephanie, Rick, na Bridget na Hope, mabinti wa Brooke, wote hao wamebadilishwa sura kadiri walivyokua na hawakupotea. Sura mpya pekee haimzamishi mhusika aliyeshikwa na watu wengi.

Kilichomzamisha ni kukatwa kwa ile kamba ya Spectra. Mwaka 2000 waandishi walimrudisha Thorne kwenye mkondo wa Ridge kwa kumpenda Brooke, mwanamke ambaye historia yote ya tamthilia humhesabu kuwa wa Ridge. Macy aliujua uhusiano huo, ikafuata ajali ya gari na mlipuko, naye akahesabiwa amekufa. Thorne na Brooke walioana, ndoa ikavunjika baada ya muda mfupi, na Brooke akarudi kwenye vuta nikuvute yake ya kudumu na Ridge. Ni yaleyale ya Caroline. Tofauti ni kwamba safari hii, ili kumpa Thorne mwanamke wa kuazima, walimtoa kafara mwanamke aliyekuwa wake.

Baadaye Macy alirudishwa akiwa hai, kama tamthilia za aina hii zinavyojua kufanya, lakini hakurudishwa kwa Thorne kwa namna ya kudumu. Mwaka 2003 taa kubwa ya kuning'inia ilimwangukia, na Eakes akahamia tamthilia nyingine, All My Children. Waliompenda Macy hawajasahau namna alivyoondoshwa. Mimi pia naona ilikuwa dharau kwa mhusika wa miaka kumi na minne.

Sasa turudi 2001, kwenye ile damu. Kwa nini Thorne hakuinuliwa? Jibu naliona miaka miwili mbele. Mwaka 2003 aliletwa Nick Marone, mtoto mwingine wa Massimo, aliyeigizwa na Jack Wagner. Nick alikuwa nahodha, alikuwa jeuri, na alikuwa ndugu wa Ridge kwa baba. Aligombania Brooke na Ridge, akamuoa, akapigana naye kibiashara. Yaani ile nafasi ya ndugu mpinzani, iliyokuwa ya Thorne tangu risasi ya kwanza, ilipewa mtu mpya kutoka nje. Waandishi walitumia siri ya uzazi kumtajirisha Ridge kwa ukoo wa pili, jambo ambalo ndoa na Macy ilikuwa imemfanyia Thorne hapo awali. Walijua kabisa kwamba ukoo mpya huzaa hadithi. Waliamua tu uende kwa nani.

Ilibaki Darla. Schae Harrison alikuwa amemwigiza tangu 1989, msaidizi mwaminifu wa Sally, mcheshi, ambaye kwa miaka mingi hakuwa na mapenzi ya kueleweka. Thorne alipomgeukia, baadhi ya watazamaji walishangaa, halafu wakawapenda. Walioana, wakapata binti, Alexandria. Ndoa hii ilikuwa na utulivu ambao tamthilia hizi huuogopa, lakini ilikuwa na jambo jingine la thamani: ilimrudisha Thorne Spectra bila kelele. Alikuwa tena na nyumba ambayo Ridge hakuwa na ufunguo wake.

Oktoba 2006 Darla alikwenda kumsaidia Phoebe, binti wa Ridge, aliyepata pancha barabarani. Taylor Hayes, mama wa Phoebe na mtalaka wa Ridge, alimgonga kwa gari akafa. Ukitazama nani anabaki na uzito wa msiba huo, ni Taylor: hatia yake, siri yake, pombe yake. Na kisha, jambo ambalo hadi leo linanikera, Thorne akampenda Taylor. Mjane aliandikwa akimposa mwanamke aliyemuua mkewe, ambaye pia alikuwa mke wa zamani wa kaka yake. Alexandria, mtoto mdogo, ndiye pekee aliyeandikwa akikataa, na kukataa kwake kukachukuliwa kama tatizo la kutatuliwa. Posa haikufika mbali na Taylor akaondoka kwenye maisha yake.

Hesabu ni hii: Caroline, Brooke, Taylor walikuwa wa Ridge, na wote walirudi kwenye hadithi ya Ridge. Macy na Darla hawakuwa wa Ridge, na wote wawili waliuawa. Januari 2007 Darlene Conley alifariki dunia kwa kweli. Waandishi, kwa heshima, hawakumzika Sally. Ilisemwa tu kwamba yuko mbali. Nyumba ya Spectra ikaishia mikononi mwa akina Marone. Katika miaka minne Thorne alikuwa amepoteza wake wawili, mama mkwe na mlango wake wa pili.

Hapo ndipo fedha inapoingia, na ni haki kuieleza. Tamthilia za mchana za Marekani zilikuwa zikifungwa moja baada ya nyingine: Guiding Light ilimalizika 2009, As the World Turns 2010, All My Children ikaondoka kwenye ABC 2011. Zilizobaki zilibana matumizi. Mwigizaji mwenye mkataba kamili huhakikishiwa idadi fulani ya vipindi. Asiye nao huitwa akihitajika na hulipwa kwa siku aliyoitwa. Na The Bold and the Beautiful ni ya nusu saa. Ukiondoa matangazo unabaki na dakika ishirini hivi za hadithi kwa siku. Viti ni vichache. Bosi anapopitia majina akitafuta wa kupunguza, haangalii nani ni mtoto wa damu. Anaangalia nani yuko ndani ya hadithi za wengine kiasi kwamba ukimtoa zinabomoka. Harmon alitolewa kwenye mkataba kamili na kuanza kuitwa mara mojamoja. Thorne akaanza kusugua benchi: anaonekana kwenye sherehe za Krismasi, anashika glasi, anasema sentensi moja ya kumpongeza mtu, anatoweka tena miezi.

Wapo wanaosema tatizo lilikuwa Ridge mwenyewe, kwamba mahali penye steringi mmoja mwenye nguvu kiasi hicho hapana nafasi ya mwingine. Historia ilitupa jaribio la dai hilo. Ronn Moss aliacha kumwigiza Ridge mwaka 2012, na Thorsten Kaye hakuingia hadi Desemba 2013. Kwa zaidi ya mwaka mzima hapakuwa na Ridge. Novemba 2012 Stephanie naye alikufa, Susan Flannery alipostaafu, kwa hiyo kivuli cha mama kikaondoka pia. Eric alibaki mjane, kampuni ikahitaji mtu. Mwaka ule uliandikwa kwa ajili ya Bill Spencer, tajiri wa uchapishaji, na Brooke, kwa ajili ya Rick, kwa ajili ya Liam, mtoto wa Bill, na Steffy na Hope. Thorne hakuchukua hata robo ya nafasi ile. Hakuwa na mke, hakuwa na mkwe, hakuwa na mpenzi anayegombaniwa, na kwa sehemu kubwa ya kipindi hicho binti yake alikuwa bado hajaletwa akiwa amekua. Kiti kilikuwa wazi, ila hapakuwa na njia ya kumfikisha kwenye kiti.

Binti alikuja 2013. Ashlyn Pearce aliingia kama Aly, msichana mbunifu, mwoga, mwenye maadili makali na majeraha ya kumpoteza mama. Kwa mara ya kwanza baada ya miaka mingi Thorne alikuwa na mtu wake ndani ya tamthilia, na kizazi kipya ndiyo njia ya kawaida ya kumrudisha mzazi aliyesahaulika. Badala yake Aly alianza kumwona marehemu mama yake akizungumza naye, chuki yake kwa Steffy, binti wa Taylor, ikakua, na Julai 2015 alimvamia Steffy kwa chuma cha kufungulia tairi. Steffy alijitetea na Aly akafa. Binti wa Taylor alimuua binti wa mwanamke aliyeuawa na Taylor. Kwa wazazi wengine hilo lingezaa mwaka mzima wa visasi, na baba ndiye angeongoza. Thorne alipewa maombolezo mafupi. Mwaka 2016 Harmon akamaliza kazi.

Ili isionekane kwamba tamthilia hii haijui kumfufua mtu, watazame akina Logan. Storm, Donna na Katie, ndugu wa Brooke, walikuwa wa mwanzo kabisa, 1987. Walipotea mwanzoni mwa miaka ya 1990 wakawa watu wa kuja harusini tu. Mwaka 2006 na 2007 Donna na Katie waliletwa upya na sura mpya, Jennifer Gareis na Heather Tom. Waandishi walifanya nini kuwashikiza? Donna aliozwa kwa Eric, Katie akapewa moyo wa kaka yake Storm aliyejiua ili amwokoe, kisha akaolewa na Bill Spencer na kumzalia Will. Ndoa, damu, mtoto. Ndani ya miaka michache walikuwa wameshonwa ndani ya koo mbili, na wakadumu. Dawa ilijulikana na ilikuwa mezani.

Jaribio la mwisho nililolifuatilia kwa matumaini lilikuwa la mwishoni mwa 2017, alipoletwa Ingo Rademacher, jina kubwa kutoka tamthilia nyingine ya mchana, General Hospital. Wakati ulikuwa mzuri kupita kiasi. Sally Spectra wa pili, mjukuu wa dada wa yule wa kwanza, alikuwa tayari yupo, akiigizwa na Courtney Hope, pamoja na bibi yake Shirley na kikosi kilichofanana kwa makusudi na kile cha Spectra ya zamani, hadi kuwa na msichana aitwaye Darlita. Kama kuna mtu mwenye haki ya kuingia kwenye chumba kile na kukaa, ni Thorne: mume wa Macy, mume wa Darla. Angeweza kuwa mlezi wao, mshirika wao, hata mwenye kuwaunganisha na baba yake.

Aliozwa kwa Katie mwaka 2018. Ndoa ilikuwa ya upole, ila Katie alikuwa na mtoto na Bill, na mzozo wa kumlea Will ndio uliokuwa hadithi yenyewe. Thorne alikuwa mume wa mama katika ugomvi wa watu wengine wawili. Mwaka 2019 walitalikiana, Rademacher akarudi General Hospital, na Thorne akapandishwa ndege kwenda Paris, kwenye ofisi ya kampuni ya baba yake.